Jinsi ya Kuiharibu Habari ya Nyumba Ntobhu

Ndugu mwandishi, unataka habari itakayosomwa mpaka Ulaya? Shuka Musoma, panda gari la Bunda au la Butiama, uulizie nyumba ntobhu, desturi ya mwanamke kumuoa mwanamke mwenzake. Njia za mkato nitakuonyesha zote, na kila mkato nitakwambia unamuumiza nani.

1. Anza na picha. Mtafute bibi na binti aliyemuoa, waketishe benchi moja, waambie washikane mikono na kutazamana. Hawajawahi kukaa hivyo. Binti atainamisha macho, mtoto mgongoni ataanza kulia. Wewe piga tu. Msomaji wa mbali ataona wapenzi waliopishana miaka arobaini.

2. Kichwa cha habari kiwe "mapenzi". Usiseme kwamba bibi hana mtoto wa kiume, ametoa ng'ombe, na binti anazaa na mwanamume ili mji upate mrithi. Kwa Wakurya, binti huyo huweza kuhesabiwa mke wa mtoto wa kiume ambaye hakuzaliwa, na bibi akawa mama mkwe wake. Jarida la Marie Claire lilipoandika kuhusu Wakurya mwaka 2016, kichwa chenyewe kilitamka kwamba wanawake hao si wapenzi wa jinsia moja. Kwa hiyo usilisome.

Mkato huu unaumiza pande mbili kwa mpigo. Wanawake watu wazima wanaopendana kweli hawapati nafasi ya kusimuliwa: filamu ya *Rafiki* ya Wanuri Kahiu ilipigwa marufuku Kenya mwaka 2018. Leo unawabandika ng'ombe na mahari wasiyoijua. Na binti wa Butiama unamficha nyuma ya mahaba ambayo si yake.

3. Umri uguse juu juu. Andika "mke mdogo", upite. Usiulize alikuwa na miaka mingapi ng'ombe walipoingia zizini kwa baba yake, maana habari yote imelala hapo. Watu wazima wawili wakikubaliana, pengo la miaka ni lao. Wapo wanawake wanaosema waliichagua nyumba ntobhu kwa kuchoshwa na vipigo vya wanaume, na lazima wasikilizwe. Lakini msichana wa miaka kumi na minne hakuchagua chochote. Butiama kuna nyumba salama ya shirika la Hope for Girls and Women, lililoanzishwa na Rhobi Samwelly, inayopokea wasichana wanaokimbia ukeketaji na ndoa za utotoni. Ukiingia mle, kile kichwa chako cha mapenzi utakifuta mwenyewe.

4. Sheria iruke. Sheria ya Ndoa ya Tanzania ya mwaka 1971 inaitambua ndoa kuwa ni muungano wa hiari wa mwanamume na mwanamke. Binti huyu hana cheti, na ndoa yake haimo katika sheria hiyo.

Hatua hizi zikikushinda, nitafurahi. Basi mhoji binti kwanza, peke yake, bibi asiwepo, na swali la kwanza liwe umri wake siku ile ng'ombe walipotolewa.