Bwawa la Jinja na Jina Lake Halali

Mimi, bingwa pekee wa majina ya mabwawa katika ukanda huu (wa pili angekuwapo ningekwisha kumkosoa), nimekuja kukata mzizi wa fitina: bwawa la Jinja, Uganda, liitwe Owen Falls au Nalubaale?

Wazee wanashikilia Owen Falls, maana ndilo jina alilolifungulia Malkia Elizabeth wa Pili Aprili 1954. Sawa. Maporomoko yenyewe yako wapi? Bwawa liliyazamisha, pamoja na ya Ripon huko juu. Yaani limemmeza marehemu, kisha likarithi jina lake! Huku Busoga, upande wa Jinja, mtu wa namna hiyo huitwa kwenye kikao cha ukoo.

Na Owen ni nani? Kaeni vizuri, hapa ndipo elimu yangu inapotisha. Si mhandisi. Roddy Owen alikuwa askari wa Kiingereza na mpanda farasi wa mashindano. Mwaka 1892 alishinda Grand National, mbio kubwa za kuruka vizuizi kule Liverpool, akiwa juu ya farasi aitwaye Father O'Flynn. Mwaka uliofuata akawa Uganda. Mwaka 1896 kipindupindu kikamuua Sudan. Basi.

Nanyi wa Nalubaale, msicheke. Mtambo wa pili wa umeme ulipojengwa hapo bwawani ukaitwa Kiira, na ule wa zamani ukabatizwa Nalubaale. Jina tamu, la Kiganda. Ila ni jina la ziwa, na ziwa bado ramani zinaliita Victoria! Mwenye kanzu mmemwacha kifua wazi, kanzu mmemvika jirani. Kiira nalo ni jina la mto Nile kwa wenyeji. Hivyo mitambo imejitwalia majina ya kwetu, maji yakabaki na ya wageni.

Hadi daraja jipya lilipofunguliwa 2018, magari ya Kampala yalipita juu ya bwawa hilo, askari wakilinda, kupiga picha marufuku. Abiria hakuuliza linaitwaje; aliomba tu foleni isogee.

Hukumu yangu, isiyo na rufaa: Owen alipata sifa kwa kukaa mgongoni tu. Aliyekimbia na kuruka vizuizi vyote ni farasi. Kuanzia leo liitwe Bwawa la Father O'Flynn. Mwenye pingamizi alilete kwa maandishi, nakala tatu, zote zimegongwa muhuri wangu.