Ombi la Hati ya Kungojea

Kwa Mheshimiwa Bwana Msajili wa Ardhi,

Sisi waombaji wa hatimiliki wa pwani hii, ambao risiti zetu zimefifia wino kabla ya maombi yetu kupata jibu, twaileta barua hii hadharani, kwa kuwa zile tulizozileta afisini mwako kwa siri hazijulikani zilikolala.

Kwanza twakupongeza. Ibara ya 47 ya Katiba ya Kenya ya mwaka 2010 yampa kila mtu haki ya kuhudumiwa na watawala upesi, kwa sheria na kwa insafu. Nawe umeistahi haki hiyo hata ukaona si adabu kuigusa.

Wakili atuambia kwamba Mahakama ya Mazingira na Ardhi yaweza kukuamuru utende wajibu wako. Lakini sheria ya mwaka 2015, iliyotungwa kuitilia nguvu ibara hiyo, yatutaka aghalabu tumalize kwanza njia za malalamiko zilizomo humo humo serikalini, yaani tumshitaki mwenye kutuchelewesha kwa mwenye kutuchelewesha, na tukisha kushinda, amri ile hukulazimisha kuamua tu, haikulazimishi uamue nini, hata waweza kuinua kalamu iliyolala miaka yote hiyo ukaandika, "Hapana." Wallahi, hata hiyo twaitamani.

Basi, maadamu hati ya shamba imekuwa adimu, twakuomba utupe hati ya kungojea. Benchi la ukumbini mwako tumelikalia wazi wazi, bila ya nguvu, bila ya siri, wala bila ya kukatizwa ila na saa za chakula chako. Na sheria ya Kenya humpa aliyeikalia ardhi ya mwingine miaka 12 kwa sifa hizo njia ya kuiomba mahakama imtambue kuwa ndiye mwenyewe. Twajua kwamba kanuni hiyo haiigusi ardhi ya serikali, nalo benchi ni la serikali. Ndiyo sababu twaja kwa hisani yako, si kwa haki. Mpimaji na aje atie mawe ya mpaka: mashariki, dirisha lisemalo "Njoo kesho", magharibi, mlango wa karani aliyekwenda semina. Ramani ichorwe, ushuru wa stempu tutalipa, na kila mwombaji aandikiwe futi zake mbili za ubao, azirithishe wanawe, aziweke rehani benki, na ndugu wakigombana watie zuio katika sajili.

Fauka ya hayo, mafaili yapewe vitambulisho, yasije yakapotelea ugenini. Na kiti chako, ambacho huvaa koti lako mchana kutwa, kiruhusiwe kutia sahihi.

Wako wazee waliokufa wakingoja, Bwana. Wana wao wameambiwa waanze na kesi ya mirathi, kisha walete ombi jipya, na minazi aliyoipanda baba yao waiangue kama wezi. Huko si kuchelewa. Ni dhuluma, na mwenye kuifanya hulipwa mshahara kwa kodi zetu.

Lakini turudi katika adabu. Hati ya kiapo imekwisha kuandikwa, na ombi letu li njiani kwenda mahakamani. Siku kesi itakapotajwa, twakusihi uhudhurie wewe mwenyewe, wala si koti lako, na faili uje nalo.

Wako kwa heshima,
Waombaji