Leseni za Mzaha na Deni la Busaa

Sheria ya Hakimiliki ya Kenya ya mwaka 2001 huihesabu programu ya kompyuta kuwa kazi ya fasihi. Kijana wa Ndalu, Bungoma, anayeandika programu ya kuhesabu magunia ya mahindi, kilo 90 kila gunia, kabla lori la Kitale halijafika, tayari ni mwandishi sawa na mtunzi wa riwaya, na haki zake zitadumu miaka 50 baada ya kifo chake. Hahitaji hata kujisajili. Tatizo ni jirani yake: akiinakili bila ruhusa, hata kama wamelelewa boma moja, amevunja sheria. Ruhusa hiyo ndiyo leseni, na waandishi wa programu huria, waliochoshwa na kurasa za mawakili, wameigeuza uwanja wa mzaha.

Iliyo chafu kuliko zote ni WTFPL, iliyoanza mwaka 2000 na kuandikwa upya na Mfaransa Sam Hocevar mwaka 2004. Jina lake kamili lina tusi lisilosomwa mbele ya mama mkwe. Tusi likiondolewa, kinachobaki ni fanya upendavyo. Sharti lake pekee lahusu leseni yenyewe: anayebadilisha maneno yake abadilishe na jina. Shirika la Open Source Initiative liliikataa mwaka 2009, wala si kwa ajili ya matusi. Liliona tu kwamba haina tofauti na kuiachia kazi iwe mali ya umma. Kasoro yake kubwa ni kwamba haitamki kuwa programu haina dhamana. Magunia yakihesabiwa vibaya, mwenye mahindi anajua mlango wa kubisha.

Beerware ya Mdenmark Poul-Henning Kamp ina adabu zaidi. Tumia utakavyo, usiliondoe tangazo la leseni, na siku mkikutana, ukiona kazi ilifaa, unaweza kumnunulia bia. Kwa masharti hayo Kamp alitoa njia ya kuficha nywila iliyotumiwa miaka mingi kwenye mashine za FreeBSD na Linux, kwa hiyo wadeni wake ni wengi kuliko bia anazoweza kumaliza. Bungoma leseni hii ingeitishiwa baraza. Busaa ya unga wa mahindi na kimea cha wimbi hukaa chunguni, wazee wamekizunguka na mirija mirefu. Je, deni ni chungu kizima au mrija mmoja? Waumini wa kanisa la Friends, ambao ni wengi huko na hawagusi pombe, walipe kwa chai? Tena sheria ya vileo ya 2010 huiruhusu baa ya kawaida kuuza kuanzia saa kumi na moja jioni siku za kazi, kwa hiyo deni la asubuhi lingoje. Nafuu ni kwamba Kamp aliandika unaweza, hakuandika lazima.

Douglas Crockford wa Marekani hakuacha mwanya huo. Mwaka 2002 aliziwekea programu zake za JSON, muundo wa kuandika data, sharti kwamba zitumike kwa wema, si kwa uovu. Mawakili hawakucheka: wema ni upi, na nani ataupima? Kwa maelezo yake mwenyewe, IBM waliomba ruhusa rasmi, naye akawaruhusu wao, wateja wao na vibaraka wao kutenda uovu. Wakfu wa Apache uliipiga marufuku leseni hiyo mwaka 2016. SQLite, programu ya hifadhidata iliyomo katika simu za Android hadi sokoni Ndalu, ilikwepa mtego kwa kumwombea mtumiaji baraka badala ya kumwekea sharti.

Iliyo karibu na nyumbani ni ya Vim, programu ya kuhariri maandishi aliyoitoa Mholanzi Bram Moolenaar mwaka 1991. Mwaka 1994 alifanya kazi ya maji na usafi Kibaale, kusini mwa Uganda, na tangu hapo leseni yake ikawa nakili upendavyo, ila watoto wahitaji wa Uganda wakumbukwe. Hata kwenye skrini ya kwanza liliwekwa ombi hilo. Mwanafunzi wa Kitale aliyenaswa ndani ya Vim asijue pa kutokea, huku stima ikitishia kupotea, alikuwa na muda mwingi wa kulisoma. Moolenaar alifariki Agosti 2023.

Kijana wa magunia achukue leseni ya MIT, fupi na yenye kifungu cha kukana dhamana, na ombi la busaa aliweke kwenye faili ya maelezo.