Gharama Kumi za Viza: Kuanzia Inayokwaruza Hadi Inayofilisi

Viza ya Ulaya ni bei gani? Euro 90. Hilo ndilo jibu utakalopewa kijiweni, saluni na kwenye kundi la WhatsApp la ukoo, na si uongo. Ila ni sawa na kutajiwa nauli ya kwenda sokoni ukadhani ndiyo bei ya mchele. Watu wanavunja vibubu, wanakopa vikoba, wanachangishana ukoo mzima, halafu wakiwa nusu ya njia wanagundua hesabu haikukamilika. Hilo linaniuma, ndiyo maana nimezipanga gharama hizi kutoka ndogo hadi ile inayomaliza watu.

Unaposoma, tenganisha pesa za aina tatu: inayokwenda moja kwa moja, inayolala ikikusubiri, na inayoibiwa. Haya, tuhesabu kurudi nyuma.

10. Picha

Ndiyo, tunaanza na picha, na usicheke. Marekani wanataka ya mraba, sentimita 5 kwa 5, na miwani uivue. Nchi za Schengen, yaani zile za Ulaya zenye viza moja, zinataka milimita 35 kwa 45. Mpiga picha akikwambia "zote ni zile zile, bosi", mwonyeshe vipimo kabla hajawasha taa. Shati jeupe mbele ya ukuta mweupe litakuacha kichwa kinachoelea.

Tabasamu liweke akiba. Utalihitaji siku viza ikitoka.

9. Pasipoti

Tanzania ni shilingi 150,000. Kenya, ile ya kurasa 34 ni shilingi 7,550. Unayo tayari? Hongera, sasa ifungue uangalie tarehe. Schengen wanataka iwe hai angalau miezi mitatu baada ya siku utakayoondoka kwao, iwe imetolewa ndani ya miaka 10 iliyopita, na iwe na kurasa mbili tupu. Angalia leo, maana kuhuisha pasipoti kwa pupa wiki ya miadi ni kujitafutia presha.

Pasipoti iliyobakiza wiki tano inakutosha kufika mpakani Namanga, na usichelewe kurudi.

8. Safari ya kwenda kuomba safari

Alama za vidole hazitumwi kwa basi. Mwombaji wa Kigoma anasafiri zaidi ya kilomita 1,000 kufika Dar es Salaam, wa Mombasa anapanda treni kwenda Nairobi, wa Pemba anavuka maji. Weka nauli, gesti, chakula, na siku za kazi ulizokosa. Kwa biashara ndogo, siku tatu duka limefungwa ni gharama halisi, iandike.

Punguza safari. Kama unakwenda Uingereza kwa zaidi ya miezi sita, utahitaji kipimo cha kifua kikuu katika kliniki iliyoidhinishwa. Panga kipimo na vidole vifuatane. Na kama ulitoa vidole kwa viza ya Schengen ndani ya miezi 59 iliyopita, uliza kama vile vya zamani vinaweza kutumika.

Vidole ni vyako, vitumikishe kwa mpango.

7. Karatasi, mihuri na tafsiri

Cheti cha ndoa cha Kiswahili kitatakiwa kitafsiriwe. Baraza la Kiswahili la Taifa, BAKITA, hutoa huduma ya tafsiri Tanzania. Baadhi ya balozi hutaka nyaraka zithibitishwe Wizara ya Mambo ya Nje. Viza nyingi za kazi zinadai cheti cha tabia njema kutoka polisi. Kila dirisha na ada yake, kila ada na foleni yake.

Ushauri mmoja utakaokuokolea fedha: soma orodha ya nyaraka ya ubalozi husika hadi mwisho kabla hujaenda steshenari. Kuna watu wanatafsiri vyeti vyote kuanzia cha chekechea, wakati ubalozi umeomba kimoja.

Muhuri hauna kazi kwenye karatasi ambayo hakuna aliyeiomba.

6. Bima na kituo cha maombi

Hapa wengi wanashtuka bure. Schengen wanadai bima ya safari yenye kinga isiyopungua euro 30,000. Hulipi euro 30,000, mjomba! Hicho ndicho kiwango ambacho kampuni ya bima itakulipia ukiugua huko. Unacholipa wewe ni mchango wa siku za safari, na bei zinatofautiana sana, kwa hiyo uliza kampuni tatu.

Kisha kuna ada ya kituo kinachopokea maombi kwa niaba ya ubalozi. Hii ni mbali na ada ya viza, na kanuni za Ulaya kwa kawaida hazikiruhusu kituo kutoza zaidi ya nusu ya ada ya viza. Ujumbe wa simu, kopi za papo hapo na chumba maalumu cha kusubiria ni hiari yako. Sema hapana kwa upole na ukae na wenzako.

Kiti laini hakimfanyi ofisa akupende zaidi.

5. Ada yenyewe

Ndiyo kwanza tumefika kwenye ile euro 90! Schengen ilipanda kutoka 80 tarehe 11 Juni 2024. Mtoto wa miaka 6 hadi 11 analipiwa 45, aliye chini ya miaka 6 halipi. Baba, mama, mtoto wa miaka minane na mdogo wa miaka minne: euro 225.

Marekani, viza ya matembezi au ya masomo ni dola 185 tangu Juni 2023. Viza kadhaa za kazi ni dola 205. Uingereza, kuanzia Aprili 2025, mgeni wa kawaida alilipa pauni 127 na mwanafunzi pauni 524. Kanada ni dola zao 100 kwa mgeni, na 85 za alama za vidole. Australia imewapandishia wanafunzi hadi dola zao 2,000 tangu Julai 2025. Viwango hivi hupanda bila kubisha hodi, kwa hiyo thibitisha kwenye tovuti ya ubalozi siku unayolipa.

Na shika hili: ada hii ni ya kushughulikia ombi. Ukikubaliwa, imekwenda. Ukikataliwa, imekwenda vile vile.

Unalipia macho ya ofisa. Sahihi yake hainunuliki.

4. Ndugu wa ile ada

Ukiiona ada ya kwanza, piga hodi, ndugu zake wako ndani. Mwanafunzi anayekwenda Marekani kwa viza ya F-1 analipa dola 350 nyingine za mfumo wa kusajili wanafunzi wa kigeni, SEVIS. Jumla dola 535, na bado hajagusa tiketi.

Uingereza ndugu ni mnene zaidi. Kuna tozo ya huduma ya afya, pauni 776 kwa mwaka kwa mwanafunzi. Shahada ya uzamili ya mwaka mmoja huja na miezi ya ziada, kwa hiyo tozo hufikia pauni 1,164. Jumlisha na ile 524 ya 2025: pauni 1,688, zote kwa mkupuo siku ya kuomba. Habari njema ni kwamba ukinyimwa viza, tozo ya afya hurudishwa. Ile 524 iage kabisa.

Mzazi anayemuuliza mwanawe "ada ya chuo ni kiasi gani?" ameuliza nusu ya swali.

3. Pesa inayolala

Hii haiendi, inalala. Lakini lazima uwe nayo, na hapa ndipo ndoto nyingi hukwama.

Ujerumani, vyuo vingi vya umma havitozi ada ya masomo, na watu husikia hapo tu wakaanza kufungasha. Subiri! Mwanafunzi huonyesha euro 11,904 katika akaunti maalumu iliyofungwa, kisha hufunguliwa euro 992 kila mwezi akiwa huko. Kanada wanataka mwanafunzi aonyeshe dola zao 22,895 za kujikimu kwa mwaka, mbali na ada ya chuo na nauli, kiwango cha kuanzia Septemba 2025. Uingereza, nje ya London, ni pauni 1,171 kwa mwezi hadi miezi tisa: 10,539. Na pesa hiyo ikae benki siku 28 mfululizo bila kushuka chini ya kiwango, hata kwa siku moja.

Sasa tazama taarifa ya benki kama ofisa anavyoitazama. Januari, mshahara 800,000. Februari, 800,000. Machi, 800,000, na kila tarehe 20 salio linabaki elfu kumi na kitu. Aprili tarehe 3, milioni 30 zinaingia kwa mara moja. Aprili tarehe 6, mwenye akaunti anaomba viza. Ofisa haulizi kama zipo. Anauliza zimetoka wapi. Kama ni za shangazi, leta barua ya shangazi, uthibitisho wa undugu na taarifa ya akaunti yake. Kama ni za kuazima wiki mbili, zirudishe kwa mwenyewe, maana zitakunyima viza na kukuachia deni.

Pesa ya kulala inataka usingizi mrefu.

2. Hapana, na mlango uliofungwa

Neno "hapana" lina bei. Wachambuzi wa LAGO Collective walikadiria kwamba mwaka 2023 pekee, ada za maombi ya Schengen yaliyokataliwa zilifikia takriban euro milioni 130, na waombaji wa Afrika ni miongoni mwa waliobeba mzigo mkubwa. Hizo ni fedha za watu walioondoka mikono mitupu. Sioni kuwa huu ni utaratibu wa haki: karani wa Dodoma hulipa ada ile ile anayolipa tajiri aliye kwenye foleni hiyo hiyo, kwa kipato kisichofanana hata kidogo. Tulisemee hilo kwa sauti.

Wakati tunalisemea, tujilinde. Usinunue tiketi isiyorudishwa kabla ya viza. Kwa kawaida nafasi iliyoshikwa inatosha kwenye maombi. Ukikataliwa Schengen, barua itataja sababu na una haki ya kukata rufaa. Isome, rekebisha kilichotajwa, ndipo uombe upya. Kuomba tena bila kubadilisha kitu ni kulipia jibu lile lile mara mbili.

Halafu kuna mlango uliofungwa kabla hujafika. Oktoba 2025 Marekani iliiweka Tanzania kwenye orodha ya nchi ambazo mwombaji wa viza ya matembezi au biashara anaweza kudaiwa dhamana ya dola 5,000 hadi 15,000. Desemba likaja tangazo la rais wao lililosimamisha, kuanzia 1 Januari 2026, viza za matembezi, biashara na masomo kwa Watanzania, isipokuwa wachache. Uingereza nayo ilifunga Julai 2025 njia ya kuajiri wahudumu wapya wa kutunza wazee kutoka nje. Dalali ataendelea kukuuzia nafasi hiyo kwa bashasha.

Uliza kwanza kama mlango uko wazi, ndipo utafute ufunguo.

1. Dalali wa mchongo

Hii ndiyo inayofilisi. Ada za ubalozi zina kikomo; dalali hana.

Tuanze na vya bure. Fomu ya Schengen ni bure. Fomu ya DS-160 ya Marekani ni bure kuijaza. Anayekuuzia fomu anakuuzia hewa. Anayekuambia "nina mtu ndani" hana mtu, au anaye na wote wawili wanakwenda jela. Anayetaka ada ya serikali itumwe kwenye namba yake ya simu, mkatie simu.

Kwenye viza za kazi ndipo roho inaponiuma zaidi. Binti anaambiwa kuna kazi ya ndani Ghuba, atoe milioni kadhaa za "viza na tiketi". Familia inakopa. Anafika, kibali chake cha kukaa kimefungwa kwa mwajiri, na akiteswa hawezi kuondoka kwa sababu nyumbani kuna deni la kulipa. Deni hilo ndilo mnyororo.

Mzigo huo hakupaswa kuubeba. Mkataba Na. 181 wa Shirika la Kazi Duniani, wa mwaka 1997, unaweka kanuni kwamba wakala asimtoze mfanyakazi. Sheria ya wafanyakazi wa ndani ya Umoja wa Falme za Kiarabu ya 2022 inakataza mfanyakazi kubebeshwa gharama za kuajiriwa. Kwa hiyo swali la kwanza kwa wakala ni hili: "Mwajiri analipa nini?" Akianza kuzungukazunguka, umepata jibu. Swali la pili: leseni. Kenya, ihakiki kwa Mamlaka ya Taifa ya Ajira. Tanzania Bara, uliza Wakala wa Huduma za Ajira, TaESA. Mkataba uusome kwa lugha unayoielewa, na nakala ibaki na mtu wa nyumbani.

Sasa chukua daftari, maana mali bila daftari hupotea bila habari. Chora safu tatu: inayokwenda, inayolala na inayoibiwa. Ile ya tatu iache tupu na uhakikishe inabaki tupu. Jumlisha mbele ya wote wanaochangia, kwa shilingi, kabla ya kulipa hata senti. Jumla ikiwashinda, subirini mwaka. Vyuo hufungua kila mwaka na balozi hazihami.

Na akija mtu kukwambia nafasi ni ya leo tu, mwambie asante, aiwahi yeye.