Wananijua Nikidaiwa

Hapa mtaani kwetu hakuna asiyenijua. Mwenye duka anajua mshahara wangu unaingia tarehe ngapi na unaisha tarehe ngapi. Mkusanya taka hata nikizima taa nikajifanya sipo, ataniita kwa sauti inayotosha kuwakumbusha majirani kwamba sijalipa. Vijana wa ulinzi shirikishi, ambao usiku sijawahi kuwaona wakilinda chochote, mwisho wa mwezi mlango wangu wanaujua hata kwenye giza la mgao. Kote huko sijaombwa kitambulisho hata siku moja. Anayekudai anakutambua kwa mwendo tu.

Sasa geuza kibao, omba wewe. Omba pasipoti, omba kufungua akaunti, omba mkopo wa kulipia yale madeni. Papo hapo nchi nzima inakutazama usoni na kukuuliza: "Wewe ni nani?"

Mimi swali hilo nililikwepa kwa miaka mingi. Vitambulisho vya taifa vilizinduliwa Februari 2013, Rais akiwa Kikwete, nikasema ngoja watu wapungue. Foleni haikupungua. Mwaka 2019 likaja zoezi la kusajili laini za simu kwa alama za vidole, na huwezi kusajili bila kitambulisho cha taifa au namba yake. Mwisho ulikuwa 31 Desemba, Rais Magufuli akasogeza mpaka 20 Januari 2020, baada ya hapo laini zianze kuzimwa. Mama watoto, ambaye mambo yake huyafanya mapema ili apate nafasi ya kuwasema wanaochelewa, chake alikuwa nacho tayari. Tukaisajili laini yangu kwa vidole vyake.

Hapo ndipo nilipopoteza uanaume wangu kimtandao. Kila anayenitumia hela anaona jina la mwanamke. "Kaka, limetokea jina la mama mmoja hapa, niendelee?" Endelea. Fundi niliyemlipa kwa simu akaanza kuniita shemeji. Kazini tulichangia msiba, daftari likasomwa mbele ya wafiwa, mchango wangu ukasomwa kwa jina la mke wangu, naye alikuwepo akaitikia. Hela yenyewe ikiingia, nikitaka kuitoa kimyakimya, mwenye laini ananikumbusha utaratibu: "Kisheria hiyo ni yangu, baba. Wewe umeshika simu tu."

Ndiyo nikaenda kuchukua fomu.

Fomu ukiitazama kwa mbali ina adabu. Kaa nayo chini uone. Majina yako matatu kwa herufi kubwa, majina mengine kama yapo, kijiji ulichozaliwa, kata, wilaya, kisha inahamia kwa baba na mama, nao inawauliza yale yale. Kwa baba ndipo tulipokwama. Kwenye cheti changu cha kuzaliwa anaitwa Athumani. Kwenye cheti cha darasa la saba mwalimu aliyekuwa na elimu ya dini kidogo akamwandika Othman. Kwenye kadi ya kliniki ni Asumani, kama bibi alivyomtamka. Mzee mwenyewe, Mungu amrehemu, aliitikia yote matatu na hakuna siku aliyochanganyikiwa. Mimi nikatakiwa kwenda kwa wakili, nilipie, niape kwa hati yenye muhuri kwamba baba zangu watatu ni mtu mmoja.

Nikampigia mama kuhakiki tarehe ya kuzaliwa. Hapo nilijitakia mwenyewe, maana cheti kilikuwa mkononi na kinasema 1 Julai 1985.

"Julai ipi?" mama akasema. "Wewe umezaliwa wiki ya msiba wa Sokoine. Redio inalia, mkunga analia, na wewe unalia."

Waziri Mkuu Sokoine alifariki 12 Aprili 1984. Nikamweleza mama kwamba kwa mujibu wa serikali, msiba ule ulipita mimi nikiwa bado sijatungwa. Akanyamaza kidogo, kisha akaniuliza kama serikali ilikuwepo chumbani. Baadaye nikajua: marehemu baba alikwenda kutafuta cheti nilipokaribia kuanza shule, akaulizwa tarehe, akataja iliyokuwa rahisi kukumbuka. Basi imekwisha hivyo. Namba ya kitambulisho ina tarakimu 20, na 8 za mwanzo ni mwaka, mwezi na siku yako ya kuzaliwa. Mama yangu, ambaye alikuwepo, anabishana na tarakimu 8, na tarakimu zimeshinda.

Fomu ikishajazwa lazima ipite serikali ya mtaa, na huko hufiki bila neno la mjumbe wa nyumba kumi. Cheo hiki tangu mfumo wa vyama vingi urudi mwaka 1992 kimebaki kuwa cha chama, si cha serikali, lakini hebu nenda mtaani uwaeleze hivyo halafu uone kama utapata barua. Mjumbe wetu ni mama anayekaanga mihogo mbele ya geti langu. Amenilisha mihogo tangu nihamie, na sehemu kubwa ya mihogo hiyo bado haijalipiwa. Nikamwomba aandike kwamba ananifahamu. Akafuta mikono kwenye kanga, akavaa miwani, akanitazama kama mgeni wa mkoa.

"Jina lako kamili nani?"

"Mama, si unaniandika kila siku kwenye daftari?"

"Kule nimekuandika Mrefu wa Geti la Bluu. Sasa serikalini nipeleke urefu?"

Kabla hajatia saini akanikumbusha hesabu ya Mrefu wa Geti la Bluu. Nikalipa.

Ofisini nikamkuta mtendaji yupo, muhuri haupo. Muhuri umo kwenye droo, funguo ya droo anayo mwenyekiti, na mwenyekiti amekwenda msibani. Kesho yake, msibani. Wiki iliyofuata, msibani. Kwa misiba anayohudhuria mwenyekiti wetu, nashangaa mtaa bado una wakazi. Siku alipopatikana, muhuri ukatoka, ukapulizwa, ukawekwa tayari juu ya wino, halafu badala ya kugongwa likafunguliwa daftari la ulinzi shirikishi. Nikasomewa miezi yangu yote, mmoja mmoja, mbele ya watu waliokuja kwa shida zao. Kwa hiyo walikuwa wananijua! Jina, namba ya nyumba, mpaka mwezi niliotoa nusu nikaahidi kumalizia. Ila huo si ufahamu unaoweza kuandikwa kwenye barua.

Lakini nimegundua kwamba ofisi yenyewe hasa iko ng'ambo ya barabara, kwenye kibanda cha steshenari. Kijana wa pale, mwenye mashine moja ya kutoa kopi na kalamu iliyofungwa kamba isiibwe, anajua kinachotakiwa kuliko wanaokitaka. Unampa karatasi zako, anazipekua, anakurudishia mbili. "Hizi watazikataa, mzee. Hii toa kopi mbele na nyuma. Ya mzazi unayo?" Dirishani wakakuambia tofauti na alivyosema yeye, rudi kwake umwambie, atacheka, na ndani ya saa moja watakuwa wamekubaliana na yeye. Nikitaka kuwa mkweli, nchi hii ingempa huyu kijana muhuri na kiti, sisi wengine tungekuwa na vitambulisho tangu zamani. Ila kopi anatoza anavyotaka, maana anajua huna pa kwenda.

Siku ya kupigwa picha nilifika alfajiri nikakuta watu wameshafika tangu usiku. Foleni zetu siku zote zina mtu mmoja aliyejipa kazi ya kuandika majina kwenye karatasi ya daftari. Hajatumwa na yeyote, halipwi, na hakuna anayethubutu kumbishia. Ofisi ilipofunguliwa, karani akatoka, akaitazama ile karatasi, akaiweka chini ya kikombe chake cha chai, akasema, "Tupange foleni upya." Kilichofuata sitaki kukisimulia, watoto wangu husoma safu hii.

Kabla ya mashine kuna meza ya afisa wa uhamiaji, kazi yake ni kuhakikisha wewe ni Mtanzania. Nilikuwa nimejiandaa kwa maswali makubwa. Akaniuliza babu mzaa baba amezikwa wapi. Nikasema kijijini. Kijiji gani, kitongoji gani, majirani zake kina nani? Shuleni mlikuwa mnakata majani au mnalima? Mwalimu mkuu alikuwa nani? Huyo nilimtaja haraka sana, na jina la utani nikaongeza, maana fimbo zake sitazisahau. Afisa akatabasamu kwa mara ya kwanza. Uzalendo wangu umethibitishwa na viboko vya darasa la nne.

Mbele yangu alikuwa mzee mmoja fundi mwashi. Mashine ikamkataa. Dole gumba hapana, cha shahada hapana, akahamia mkono wa kushoto, hapana. Wakampa maji anawe, wakampa kitambaa, wakambonyezea kidole kwa nguvu mpaka nikaona aibu. Saruji imemlamba alama zote. Amejenga nusu ya nyumba za upande wetu huu, vidole vyake vimebaki kwenye matofali, na sasa anaambiwa hasomeki. "Pumzisha mikono siku kadhaa, baba, upake mafuta, halafu urudi," binti wa mashine akamwambia, kwa upole kabisa. Mzee akamjibu kwa upole vilevile, "Nikiipumzisha, mwanangu, mafuta nitanunua na nini?" Tukacheka sote, yeye hakucheka, akaondoka na fomu yake. Vyangu vilisomeka mara moja. Karani kama mimi ukitaka kumjua, mtazame vidole: vina alama zote.

Ikaja picha. "Usicheke." Sikuwa nacheka. "Usinune." Sasa? "Inua kidevu. Masikio yaonekane." Masikio yangu hayajawahi kuhitaji msaada wa kuonekana. Kiti kifupi, taa iko usawa wa pua, nyuma yangu foleni nzima inanitazama kana kwamba nakula chakula chao, na jasho la tangu alfajiri linashuka. Nikafumba jicho moja lisiingie chumvi. Pah! "Tayari, anayefuata." Nikamwomba binti turudie. Akanionyesha foleni kwa kidole, na foleni ikanijibu yenyewe.

Namba hutangulia, kadi hufuata kwa wakati wake. Namba nikaipata kwenye simu, nikaenda siku hiyohiyo kuirudisha laini kwenye uanaume, kisha nikarejea kwenye kungoja kadi. Nilikwenda kuiulizia mpaka mlinzi wa pale akawa ananipa habari za nyumbani kwake. Hatimaye ikaja. Mama watoto akaishika, akaipeleka dirishani kwenye mwanga, akawaita watoto. Yule mtu kwenye picha amefumba jicho moja, lingine limetoka, mdomo umekaa upande, anafanana na mwizi wa kuku aliyekamatwa akiwa bado na manyoya. Nikajipa moyo kwamba kadi za mwanzo zilikuwa na ukomo wa miaka 10, basi nitavumilia tu. Nikaambiwa sivyo, 2023 serikali iliondoa ukomo huo. Nikashukuru kama raia, maana nani anataka kurudi kule? Lakini kama mwenye uso, nimekwisha. Picha ile nitazeeka nayo.

Basi wiki iliyopita nikaitwa kwenye ofisi moja mjini, jengo refu lenye vioo na ubaridi. Getini mlinzi akasema, "Kitambulisho, bosi." Nikakitoa kwa fahari. Hati ya kiapo, mihogo, misiba ya mwenyekiti, kaburi la babu, vyote vimo ndani ya kile kiplastiki. Hakukisoma. Alikitupa ndani ya kopo la maziwa ya unga lililojaa vitambulisho vya wenzangu, akanivika kadi yenye kamba chafu iliyoandikwa MGENI 14.

Shughuli ikaisha, nikashuka, nikavua ule ugeni, nikamrudishia. Akachakura kopo, akanipa kadi. Nikaitazama, si yangu.

"Kaka, huyu si mimi."

Akainyanyua, akaiweka kando ya uso wangu, akapima, akarudia. "Bosi, acha utani. Huyu ni wewe kabisa." Akawaita na wenzake wawili, wakakubaliana. Nikaitazama tena ile picha vizuri. Jamaa alikuwa amefumbua macho yote mawili, mdomo umekaa katikati, masikio ya kiasi. Nisiwe mwongo, alifanana nami kuliko yule wa kwenye kadi yangu.

Nilibishana nao robo saa nzima nirudishiwe yule mwizi wa kuku.