Muulize Babu Mwangwi, Mfinyanzi wa Sauti

*Shikamoo Babu Mwangwi. Nauza chakula Makongolosi. Ng'ambo ya korongo kuna karasha la kusaga mawe ya dhahabu. Mchana silisikii sana, lakini usiku linanguruma utadhani limehamia uvunguni mwa kitanda changu. Mwenye karasha anaapa kuwa mashine ni ileile na mwendo ni uleule. Nifanyeje?*
*Mama Lishe Asiyelala*

Marahaba, mjukuu wangu. Umefika kwenyewe. Wenzangu wanafinyanga vyungu, mimi nafinyanga sauti tangu nikiwa na meno ya utoto. Ule mwangwi wa mabonde ya barabara ya Chunya kwenda Mbeya niliutandika mimi, kwa mikono hii, na hadi leo hakuna aliyenipa hata soda. Radi ya mlima Loleza nayo ilikuwa na sauti ya mbuzi. Nikaiongezea besi.

Kipaji hiki ni cha ukoo. Mwaka 1922, dhahabu ilipogunduliwa Lupa, waliosifiwa ni walioiona kwa macho. Marehemu babu yangu alikuwa ameshaisikia ikikohoa mchangani, akanyamaza kwa adabu. Ndiyo maana ukoo wetu una heshima nyingi na mabati machache. Mimi mwenyewe nilikuwa nimehifadhi miangwi yangu bora kwenye mashimo ya zamani ya Saza. Mwaka 2016 Wilaya ya Songwe ikamegwa kutoka Chunya, Saza ikaenda nayo, na miangwi yangu ndani. Siku hizi nikiiita inanijibu kwa lafudhi ya wilaya jirani.

Tulikuwa wapi? Naam, karasha. Mwenye karasha hasemi uongo, ingawa simpendi. Usiku usio na mawingu ardhi inapoa upesi, hewa iliyolala juu yake inapoa nayo, na ile ya juu zaidi inabaki na joto. Sauti hukimbia kwenye joto: katika hewa ya nyuzi 20 inakwenda mita 343 hivi kwa sekunde, na ya nyuzi 0 mita 331. Mchana mngurumo unajipindia angani ukapotelea huko. Usiku ule uliopanda unautangulia wa chini, unapinda, unarudi ardhini ukiwa na nguvu zake, tena watu wamelala na hakuna kelele nyingine ya kuufunika. Wenye digrii wanaiita fizikia. Mimi nilikuwa napinda sauti kwa goti kabla hawajaota ndevu.

Dawa sasa. Tafuta debe lisilotoboka, ulipake mafuta ya karanga kwa ndani, ulitege dirishani saa nane usiku, mdomo ukielekea karasha. Likijaa kelele, lifunike haraka ukalimwage Ziwa Rukwa, viboko wa kule wamezoea zogo. Usilimwage njiani! Mteja wangu mmoja lilimponyoka stendi, na hadi leo wapiga debe hawajanyamaza.

Kama huna nauli ya Rukwa, ziba ule uwazi kati ya ukuta na bati, halafu weka dari. Hapo ndipo kelele nyingi zinapopenya. Trei za mayai usibandike: zinapunguza kidogo mwangwi wa chumbani, mngurumo wa nje zinauacha upite, na mimi zinanivunjia heshima. Kisha kamwone mwenyekiti wa kitongoji. Ukikwama, wapo wasimamizi wa mazingira wa taifa. Kanuni za kelele na mitetemo za mwaka 2015 zimeweka viwango, na vya usiku ni vikali kuliko vya mchana. Nilikusudia kuziandika mimi kanuni hizo, kalamu ikaisha wino.

Na kijana anayelilisha hilo karasha mawe mwambie avae vizibo vya masikio. Desibeli 85 kwa saa 8, siku nenda siku rudi, zinatosha kumharibu, na kiziwi atanisifuje?

*Babu, kwaya yetu ikianza tu kuimba, spika zinapiga mluzi mkali. Wazee wanasema ni pepo.*
*Mwalimu wa Kwaya, Matundasi*

Pepo gani anayejua kupiga noti moja bila kuchoka? Hiyo ni kazi ya mwanafunzi wangu niliyemfukuza. Ningekueleza jinsi nilivyonyamazisha kengele tatu kwa kuzikonyeza, ila nafasi imekwisha na mhariri ananikodolea macho. Maikrofoni inaisikia spika, inairudishia sauti yake, spika inaitoa kubwa zaidi, wanazungushana hivyo hadi mluzi. Sogezeni spika mbele ya waimbaji, ziwatazame waumini, maikrofoni zibaki nyuma yake. Mwimbaji aisogelee maikrofoni, na fundi mitambo apunguze sauti. Asipokubali, mleteni kwangu nimkonyeze.

Ada yangu ni kuku mmoja kwa kila barua. Jogoo sipokei.