Wenzi Wasiotokea

Wanafizikia wa supasimetria walituahidi kwamba kila chembe ina mwenzi wake mzito: elektroni ina selektroni, kwaki ina skwaki. LHC, mashine iliyo katika handaki la kilomita 27 mpakani mwa Uswisi na Ufaransa, ikaanza kugonganisha protoni kuwasaka. Mwaka 2012 ikatoka chembe ya Higgs, yenye uzito wa mara 130 hivi ya protoni. Wenzi, kimya. Mwaka 2016, mjini Copenhagen, walioshindwa dau lililowekwa tangu 2000, kwamba wenzi wangeonekana, walilipa kwa chupa za konyaki. Konyaki ikaenda, nadharia ikabaki: wenzi wapo, tunaambiwa, ila ni wazito zaidi. Mashine ikiongezwa nguvu, nao wananenepa.

Watu wa nadharia ya malimwengu mengi wao hawana presha. Waulize swali ambalo wenzi walitarajiwa kulijibu: kwa nini Higgs si nzito zaidi ya hapo. Watakujibu kwamba katika malimwengu mengine ni nzito zaidi, ila huko hakuna mtu wa kuuliza. Hodari kweli! Huko hakuna mashine inayofika, kwa hiyo dau la hawa halina siku ya kulipwa. Mimi nawaheshimu zaidi waliotoa konyaki.